Kahawa ya Mwenye Kesi Haitafunwi

Vijana wangu, majuzi pale Omurushaka nilimwona mtu akishuka kwenye basi na ninyi mkamzunguka. Alikuwa ametoka mahabusu kwa dhamana. Mmoja wenu alimvua kofia, mwingine akauliza kwa sauti imekuwaje mtu aliyemkata jirani yake panga yuko stendi anakula chapati. Mimi nilikuwa nimekaa juu ya gunia la maharage nikisubiri gari la Nyakatuntu. Sikusema kitu, maana mtu mmoja hawezi kubishana na stendi nzima. Nikasema moyoni, hawa nitawaandikia. Nimesoma mpaka darasa la nne tu, na mkono wangu wa kushoto hauna kazi nyingi kwa sababu mtakazozisikia, lakini wa kulia unaandika. Nivumilieni.

Mimi nilikuwa tarishi wa mahakama. Niliajiriwa mwaka wa vita na Uganda, wakati vijana wengi wenye miguu mizuri walikuwa wamekwenda mbele na mahakama ikabaki inatafuta mtu yeyote anayejua kuendesha baiskeli na kusoma majina. Nikaachishwa serikali ilipopunguza watu, nywele zangu zikiwa bado nyeusi. Wengine waliagwa kwa hotuba na soda. Mimi niliagwa kwa baiskeli mbovu ileile niliyokuwa naiendesha, na hiyo niliomba. Nina uchungu na mengi katika maisha haya na sitauficha, lakini kazi yenyewe niliipenda, na mtu aliyenifundisha nilimpenda kuliko kazi.

Aliitwa Mzee Yustasi Kakwezi. Alikuwa tarishi kabla yangu, mrefu, mkavu kama mti wa mbuni uliozeeka, na koti la jeshi ambalo hakuna aliyejua alilipata jeshi gani. Alikuwa Mlutheri. Akipanda mlima na baiskeli aliimba tenzi kwa nguvu, akianza kushuka ananyamaza. Nilimuuliza sababu. Akasema, "Baiskeli hii haina breki. Nikishuka nataka Mungu anisikie vizuri."

Siku ya kwanza aliniambia, "Kijana, watu wanadhani mahakama ni hakimu. Hakimu ni mdomo. Mahakama ni miguu, na miguu ni sisi." Halafu akanipa pampu ya baiskeli.

Kazi yetu ilikuwa kupeleka hati za kuitwa shaurini, kuita majina mlangoni, kuwapanga watu kwenye mabenchi, na kubeba majalada ya kesi yanapotakiwa Bukoba. Mambo haya yana ufundi wake. Kwanza, usimtafute mtu nyumbani. Mtu akiisha kujua anaitwa mahakamani, nyumbani kwake atakuwa amekwenda Rwanda, amekwenda Bukoba, amelazwa, yote kwa siku moja. Mtafute siku ya kupima kahawa. Mzee Kakwezi alisema mtu anaweza kumkwepa hakimu lakini hakuna Mnyambo, mtu wa Karagwe hii, anayeikwepa mizani ya kahawa. Tulikuwa tunasimama kando ya foleni, mtu akiweka gunia lake mizani na macho yake yakiwa kwenye kibao, unamtia hati mkononi. Anaipokea akidhani ni risiti.

Mwingine alituchosha sana, mtu wa upande wa Chonyonyo. Tulipofika mkewe alitoka analia, akasema mume amefariki. Mimi niligeuza baiskeli. Mzee Kakwezi hakugeuza. Alivua kofia, akaketi kwenye majani, akalia. Akaanza wimbo wa msiba, na sauti alikuwa nayo. Majirani wakaanza kuja mmojammoja wakiuliza ni nani, wanawake wakaja wameshika vichwa, mmoja akataka kwenda kupiga ngoma ya msiba. Marehemu akatoka kwenye migomba mwenyewe, akasema, "Mzee, basi, utaniletea mkosi." Mzee Kakwezi akafuta machozi, ambayo yalikuwa ya kweli, akampa hati yake. Tulipokuwa njiani aliniambia, "Yule mama usimchukie. Alilia vizuri."

Lakini somo kubwa alilonipa lilikuwa la kahawa, na ndilo lililonifanya nishike kalamu.

Kwetu kahawa ya kutafuna si kinywaji. Mnajua, punje hupikwa na majani ya dawa, hukaushwa, huwekwa kwenye kikapu kidogo. Mgeni akifika, kabla ya maji na kabla ya habari, anapewa punje mbili tatu mkononi. Wazee wetu waliochanjana damu walitafuna punje mbili za tunda moja, kila mtu ya kwake, na baada ya hapo hakuna aliyeweza kumdhuru mwenzake. Kukataa kahawa ya mtu ni kumwambia kwamba wewe na yeye ni maadui.

Sasa, wiki yangu ya kwanza tulipeleka hati kwa bibi mmoja mwenye shauri la mpaka. Akaleta kikapu. Nikanyoosha mkono. Mzee Kakwezi akanipiga kwenye kifundo, si kidogo. Akamwambia bibi kwa heshima zote, "Waitu, mama, tusamehe, tuko kazini." Nje nikamuuliza kwa nini tumemtia aibu mama wa watu.

"Kahawa ya mwenye kesi haitafunwi," alisema. "Ukiitafuna umekuwa ndugu. Kesho adui yake ataitwa mlangoni na ndugu wa mwenzake. Sasa hapo mahakama iko wapi?"

"Lakini tumemtukana."

"Tumemtukana, ndiyo. Kesi yake ikiisha tutarudi tutafune kikapu kizima."

Na kweli tulirudi. Yeye mwenyewe alikuwa akitafuna kahawa toka asubuhi mpaka jioni, ya kwake, kutoka mfuko wa koti.

Kuelewa yaliyofuata ni lazima mjue habari ya ukoo wangu, ambayo vijana wengi siku hizi mnaiona hadithi. Zamani hapa kulikuwa na nyarubanja. Mtu mkubwa alipewa ardhi na mtawala pamoja na watu waliokaa juu yake. Watu hao waliitwa batwarwa, maana yake wanaotawaliwa. Babu yangu alikuwa mtwarwa wa ukoo wa Rwabutembo. Migomba aliipanda yeye, lakini akikamua pombe ya ndizi, kibuyu cha kwanza alikipeleka kwao, na akifika anapiga magoti, anakaa chini kwenye majani, hata kama anayekaa kwenye kigoda ni mtoto. Kahawa yao hakupewa mkononi. Aliwekewa chini. Baada ya Uhuru serikali ikatoa sheria ikaifuta nyarubanja, ikasema aliyekuwa mtwarwa kibanja, yaani shamba lake la migomba, ni chake na asimwinamie mtu. Baba yangu aliposikia sheria hiyo alikunywa kibuyu cha kwanza yeye mwenyewe, mbele ya watu. Sheria ilifika Nyakatuntu kwetu. Kwa akina Rwabutembo haikufika.

Baba yangu Bitegeko alifariki kwa ugonjwa. Matanga hayajaisha vizuri, wakaja ndugu wawili, Leonidas Rwabutembo na mdogo wake Pastori. Ninawataja kwa majina na sitaomba radhi. Leonidas alimwambia mama yangu kwamba mtwarwa aliyekuwa hapa amekufa, kwa hiyo ardhi imerudi. Mama akasema ardhi haijaenda popote hata irudi. Leonidas akacheka. "Mtwarwa hana kibanja," alisema, "ana mahali pa kulala."

Wakarudi Jumapili moja mchana, watu wametoka kanisani. Walikuja na kibarua wao Sebastiani, kijana ambaye wazazi wake walitoka Burundi, hana ardhi, hana ndugu hapa, analima kwa watu apate chakula. Sebastiani alibeba dumu la mafuta ya taa. Pastori aliwasha kiberiti. Leonidas alisimama njiani na fimbo yake akatazama kama mtu anayesimamia vibarua wakichoma magugu. Nyumba ilikuwa ya nyasi. Mama aliingia kuokoa magunia ya kahawa, maana mavuno yote ya mwaka yalikuwa ndani. Mimi niliingia kumwokoa mama. Kahawa iliungua. Sisi tulitoka, mimi nikiwa na mkono huu, mama akiwa na mikono ile. Vidole vyake vilipopona vilikuwa vimeshikana, vimekunjika kama miguu ya kuku. Tangu siku hiyo hakumenya ndizi tena, na kwetu mwanamke asiyeweza kumenya ndizi anajiona mgeni jikoni mwake.

Polisi waliwakamata wote watatu. Mashtaka yalikuwa mazito, kuchoma nyumba kwa makusudi na kujeruhi vibaya. Waliomba dhamana, hakimu akakataa. Alisema watu wana hasira na washtakiwa wanaweza kuwatisha mashahidi. Nilikuwa mlangoni na mkono uliofungwa bandeji, na nilifurahi, sitawadanganya. Nilipenda kuwafikiria kule mahabusu wamekaa kwenye sakafu.

Wakili wao akakata rufaa ya dhamana Mahakama Kuu, Bukoba. Bukoba wakataka jalada. Wakati huo hapakuwa na faksi. Jalada lilikwenda kwa mtu, ndani ya basi, na matarishi tulikuwa wawili: mimi, na Mzee Kakwezi ambaye mguu ulikuwa umevimba hawezi kukaa kwenye basi.

Nilimwendea nyumbani kwake. Alikuwa ameuweka mguu juu ya kigoda kama mgeni wa heshima.

"Mzee, jalada hili siwezi kulibeba. Wapeni polisi."

"Lina uzito gani?"

"Unajua uzito wake."

Akatafuna kwanza. "Sikiliza. Polisi wakilibeba, likachelewa kwa mvua, watasema ni wewe umewahonga. Likipotea, watasema ni wewe. Likifika limelowa, ni wewe. Wewe ni mtu wa mahakama na ndiye uliyechomewa nyumba. Huna pa kujificha. Pamebaki mahali pamoja tu pa kusimama."

"Wapi?"

"Dirishani kwa karani wa Bukoba, unamkabidhi, kavu."

"Na wakiachiwa?"

"Jaji ndiye atakayewaachia. Wewe ni miguu."

Nilimchukia siku hiyo. Nilitoka bila kuaga, akaniita nirudi, nikadhani ataniomba radhi. Alitaka kunionyesha jinsi ya kufunga jalada: kwanza nailoni ya mfuko wa mbolea, halafu jani la mgomba lililopashwa moto likalainika, halafu nailoni tena. "Jani linashika jasho," alisema. "Nailoni peke yake inatoa maji ndani." Ufundi huo ni wa kweli. Mwenye barua ya kupeleka masika ajaribu.

Mama yeye hakunifundisha kufunga. Tulikuwa tumehifadhiwa kwa mjomba. Alinitazama nikilitia furushi kwenye mfuko wangu wa turubai.

"Hilo ndilo?"

"Ndilo, mama."

"Basi la Bukoba lina madirisha?"

"Lina."

"Na daraja la Kyaka lina maji chini?"

"Lina, mama."

"Haya," akasema. Hakuongeza. Asubuhi alikuwa amemwomba mke wa mjomba anipikie ndizi za njiani, akazileta yeye mwenyewe amezibana katikati ya vifundo viwili vya mikono, zikiwa kwenye jani. "Ukilifikisha," alisema, "usije kunisimulia."

Nikapanda basi Omurushaka. Nilikaa dirishani, na naapa sikuchagua, nafasi ilikuwa hiyo. Kiti cha pembeni akaja kukaa mwanamke na mtoto mgongoni. Alikuwa Mama Koku, mke wa Leonidas.

Alikuwa anakwenda Bukoba kusikiliza rufaa ya mumewe. Aliniona, akautazama mkono wangu, akautazama mfuko niliokuwa nimeukumbatia, akaelewa. Zamani angeniita mtoto wa Bitegeko, kama mtu anavyoita mbuzi kwa jina la mwenye mbuzi. Asubuhi hiyo alisema, "Habari za asubuhi, baba." Nikajibu nzuri. Basi likaondoka, likaenda mpaka barabara ilipoharibika.

Mvua ilikuwa imekata mteremko mmoja, basi likazama mpaka kwenye ngazi. Wanaume tukashuka kusukuma. Nilisukuma na mfuko kichwani, mkono mmoja kwenye bati la basi, kondakta akinitukana kwamba nimebeba yai. Mama Koku alisimama kwenye matope na mtoto wake na hakuondoa macho kwenye mfuko ule. Kulikuwa na korongo kando ya barabara linapita maji mekundu. Mimi nililitazama, na yeye akaniona nikilitazama.

Tulipopanda tena, alifungua kitambaa chake. Akatoa kipochi cha ukindu. Akamimina punje za kahawa kiganjani mwake akanyoosha mkono kwangu. Vijana, mwanamke wa nyumba ya Rwabutembo alininyooshea kahawa mkononi. Babu yangu hakuipata hiyo. Baba yangu hakuipata. 

Kumbe mimi nilikuwa na sheria ya Mzee Kakwezi mgongoni.

"Asante, mama," nilisema. "Siwezi."

Aliurudisha mkono polepole. Punje mbili zikaanguka sakafuni. Akaanza kulia bila sauti, mtoto akamtazama.

"Basi umeshaamua," alisema. "Lirushe tu sasa hivi, nione. Usinisubirishe mpaka darajani."

Hapo ndipo nilipoelewa amenisikiaje. Kwa mila yetu nilikuwa nimemwambia kwamba mimi na nyumba yake ni vita. Nami nilikuwa na vita nao kweli, hilo hakukosea.

"Mama Koku," nilimwambia, "mumeo ningemwona anaungua sijui kama ningechota maji. Lakini kahawa siikatai kwa sababu hiyo. Mtu wa mahakama hatafuni kahawa ya mwenye kesi. Yako siitafuni, na ya mama yangu sijaitafuna tangu kesi ilipoanza."

"Hata ya mama yako?"

"Yeye ndiye mlalamikaji."

Alifuta macho kwa ncha ya kanga. Akafikiri. "Kazi gani hiyo," alisema, "ya kumnyima mtu kahawa ya mama yake."

Tulivuka Kyaka. Maji yalikuwa mengi. Niliuweka mfuko chini ya miguu yangu nikafumba macho mpaka niliposikia mlio wa magurudumu umebadilika, tumeshika udongo tena. Bukoba nilimkabidhi karani dirishani. Akalifungua furushi akakunja pua, akauliza kwa nini jalada la Karagwe linanuka mgomba. Lakini lilikuwa kavu.

Nikaambiwa nisubiri, nirudi na amri. Hilo Mzee Kakwezi hakunionya. Jaji aliwapa dhamana. Alisema dhamana si msamaha, kwamba mtu ambaye hajahukumiwa afungwe tu ikiwa hakuna njia nyingine ya kumpata siku ya kesi na kuwalinda mashahidi, na kwamba njia iko: wasikanyage Nyakatuntu mpaka kesi iishe, wawe na wadhamini wenye mali isiyohamishika, na kila Jumatatu waripoti mahakamani. Mama Koku alipiga magoti nje kwenye majani. Mimi nikapanda basi na kuachiwa kwao kukiwa ndani ya mfuko wangu, kumefungwa kwa nailoni na jani. Mama hakuniuliza na mimi sikumsimulia.

Sasa sikilizeni habari ya Jumatatu. Kuripoti maana yake ni kufika, kukaa kwenye benchi la mlangoni, kusubiri tarishi akuite. Benchi ni moja na tarishi naye hukaa hapo. Jumatatu ya kwanza Leonidas alifika amevaa koti. Nikamwambia karibu ukae. Aliangalia nafasi iliyokuwa pembeni yangu, akasimama. Alisimama kwenye jua mpaka karani alipokuja, na karani wetu hakuwa mtu wa haraka. Wiki iliyofuata akasimama. Mzee Kakwezi, mguu umepona, alipita akasema, "Bwana Leonidas, benchi hili halina nyarubanja, lina kunguni tu." Mvua ziliporudi alikaa, kule mwisho kabisa, tako moja. Kwa miezi nilimwona akisogea, kidogokidogo, kama kivuli. Siku moja alitoa kahawa mfukoni, akatafuna, akanitazama, akanyoosha mkono.

"Kesi yako haijaisha," nilisema.

"Mke wangu aliniambia utasema hivyo," akajibu, akairudisha.

Jumatatu moja Pastori hakuja. Jumatatu ya pili hakuja. Alikuwa amevuka Mto Kagera na hajarudi mpaka leo, na mdhamini wake, mjomba wake wa watu, akauza migomba kwa ajili yake. Najua mtasema, unaona, hiyo ndiyo dhamana. Nakubali. Pastori Rwabutembo, uliyewasha kiberiti, kama unapumua huko uliko, jina lako nimelisema hapa na nitalisema kanisani wakiniruhusu.

Lakini kuna linaloniuma kuliko la Pastori. Amri ya jaji ilikuwa ya watu watatu. Waliotoka ni wawili. Sebastiani hakuwa na kibanja wala mtu mwenye kibanja wa kumtilia saini. Leonidas angeweza kumtafutia mdhamini kwa neno moja, na hakulisema. Kijana aliyebeba dumu kwa kuamriwa akabaki mahabusu, walioamuru wakawa wanakula ndizi za moto. Alipoletwa kesi ikitajwa, kila mara alikuwa akinisalimu, "Shikamoo kaka. Mama mikono inaendeleaje?" Nilikuwa namjibu marahaba, na kusema inaendelea, na kumwonyesha benchi. Zaidi ya hapo nisingeweza. Kesi iliposikilizwa yeye ndiye aliyesema yote bila kuzunguka, nani alinunua mafuta, nani alishika kiberiti, nani alisimama njiani na maneno aliyosema. Alipata kifungo kifupi, maana muda wake wa mahabusu uliangaliwa, akatoka mapema. Leo yuko Chonyonyo ana migomba yake michache, na kahawa yake nimeitafuna mara nyingi.

Leonidas alifungwa. Miaka ilikuwa mingi, ikapita. Mzee Kakwezi akafa katikati yake. Tulimzika na koti lake, na mfukoni tuliziacha punje zilizokuwemo. Nami nikaachishwa kazi kama nilivyosema, nikarudi Nyakatuntu kwenye kibanja cha baba, nikajenga nyumba ya bati kwa mama.

Na sasa hili la mwisho, halafu niwaache. Ilikuwa mchana, mimi nalima chini ya migomba, mama amekaa mlangoni. Nikaona mtu anakuja na njia ileile ya siku ile. Alikuwa amezeeka. Hakuwa na fimbo. Mkononi alishika kikapu kidogo cha kahawa.

"Shikamoo, mama," Leonidas alisema.

Ukoo wa Rwabutembo haukuwahi kumpa shikamoo mtu wa nyumba yetu. Mama hakujibu. Leonidas akaja kwangu. "Kesi imeisha," alisema, "na wewe huna kazi tena. Sasa utasemaje?"

Nilisimama na jembe langu. Sheria ya Mzee Kakwezi haikuwepo tena ya kujikinga nayo. Niliangalia uso wake nikitafuta lile nililoliogopa miaka yote, lile jicho la mtu anayesema, "Na mimi mlinionea." Halikuwepo. Alipewa dhamana, alipewa wakili, alikaa kwenye benchi, alisikilizwa, akafungwa kwa alilolitenda. Hakuwa na lawama hata moja ya kutushika nayo. Alikuja na kikapu tu. Ningekuwa nimelitupa lile jalada Kyaka, angekuja na jalada lake mwenyewe la lawama.

"Mimi si mwenye kesi," nilimwambia. "Mwenye kesi yule pale."

Akarudi mlangoni. Akachagua punje nzuri, akamnyooshea mama. Mama akanyoosha mkono wake, vile vifundo. Akaiweka juu ya vile vidole vilivyoshikana. Punje ikaviringika ikaanguka kwenye majani. Leonidas akaitazama mikono ile. Nadhani hakuwahi kuiona kwa karibu. Mahakamani ilikuwa imefungwa vitambaa. Akatoa punje nyingine kwenye kikapu.

"Hapana," mama alisema. "Ileile."

Akainama akaitafuta kwenye majani, akaipata, akaiweka tena. Ikaanguka tena. Alikuwa mtu mzima, magoti yanamuuma, akaona hawezi kujiinua kila mara, akabaki chini kwa magoti.

Mimi sikutafuna kahawa yake siku ile na sijaitafuna mpaka leo. Uchungu wangu ni wangu, hakuna jaji aliyeniamuru niuache. Nilirudi kwenye jembe langu. Lakini nyuma yangu, kwa muda mrefu, nilikuwa nasikia sauti ya mama, ya taratibu, kama mtu anayemfundisha mtoto kazi.

"Okota tena."